Serikali Haimjui Mchumba Wako

Asubuhi hiyo mataa ya njia panda ya sokoni yaligoma, na mji mzima ukarukwa na akili. Magari ya upande huu yaliona yana haki, ya upande ule yakaona yana haki zaidi, na honi zikawa zinatukanana kwa niaba ya wenyewe. Katikati ya vurugu hiyo, juu ya ngazi iliyoegemezwa kwenye nguzo, alisimama kijana mrefu, mweusi wa kung'aa, ovaroli ya bluu imempauka mabegani, bisibisi ameibana kwa meno, mikono yote miwili imezama ndani ya tumbo la taa nyekundu.

Chini yake, akikwepa madimbwi kwa ncha za vidole, alikuwa anapita fundi cherehani mwenye kibanda chake hapo hapo sokoni. Alivaa gauni la njano alilolishona mwenyewe, nalo lilimkaa kana kwamba walizaliwa pamoja. Juu ya kichwa alinyanyua hanga yenye gauni la harusi la mteja, jeupe, mikono ya lesi, mkia mrefu aliouzungusha begani usiguse matope. Lori likapita kwa kasi, upepo wake ukapeperusha mkono wa lesi, na lesi ikanasa kwenye ndoano ya ngazi.

"We kaka wa juu! Ngazi yako imenikamata!"

Bisibisi ikamdondoka kijana mdomoni. "Usivute, dada! Ukivuta litachanika!"

"Mimi ndiye fundi wa nguo, halafu wewe ndiye unanifundisha litachanika?"

Kijana alishuka upesi, akafika chini, akaiona lesi, akaiona na sura ya mwenye kuishika. Akasahau alichoshukia.

"Mbona unasimama kama nguzo? Inasue!"

"Mikono yangu ina grisi. Nikiigusa hii, bibi harusi ataolewa na doa."

Mzee mfupi aliyekuwa ameshikilia ngazi, ambaye wenzake walimwita Komandoo kwa sababu hakuwa na dalili hata moja ya ukomandoo, akatoa kipande cha gazeti mfukoni. Kijana akakizungushia koleo, akaiinua lesi kutoka kwenye ndoano taratibu, kama mtu anayetoa kibanzi kwenye jicho la mtoto. Ilikuwa imetoboka tundu dogo kama punje ya dengu. Fundi akachomoa sindano kwenye kilemba chake, akatia uzi, akaanza kushona hapo hapo, kijana akimshikia hanga juu kama mbeba bendera.

"Bosi!" dereva mmoja akapiga kelele dirishani. "Unatengeneza taa au unafunga ndoa?"

"Vyote viwili!" akajibu Komandoo.

Fundi akainama kuficha kicheko. Kijana akauliza kwa sauti ya chini, "Bibi harusi ni wewe?"

"Ningekuwa mimi ningekuwa nakimbizana na malori saa hizi?"

"Nashukuru."

"Unashukuru nini?"

"Mataa kuharibika."

Kijana alimpa namba yake ya simu, eti endapo gauni litakuwa na malalamiko. Jioni simu ya kijana ikaita.

"Halo, naongea na kitengo cha malalamiko ya magauni?"

"Ndiyo. Malalamiko gani?"

"Gauni linauliza umekula."

Ndivyo yalivyoanza. Yule binti akamwita Mataa, kijana akamwita Fundi wangu, na wakawa watu wa kupigiana simu kabla ya kazi, baada ya kazi, na mara nyingine wakati wa kazi, mmoja akiwa juu ya nguzo na mwingine amebana simu kati ya sikio na bega huku cherehani inanguruma.

"Fundi wangu, nakuona kutoka huku juu."

"Unaona nini?"

"Naona mtu anashona zipu nyuma mbele."

"Uongo!" Akatazama. Kweli alikuwa ameishona nyuma mbele. "Shuka huko, mchawi wewe!"

Jumapili walitembea bustanini. Mataa alivaa shati jeupe moja lile lile, amelipiga pasi mpaka linaweza kusimama lenyewe, na Fundi alivaa kila wiki gauni jipya, kwa sababu hiyo ndiyo faida ya kuwa fundi. Waliongea mpaka maneno yakawaishia, kisha wakanyamaza pamoja bila kuona tabu.

Kulikuwa na jambo moja tu lililokuwa likimla Mataa rohoni. Siku moja, wakiwa wameketi kwenye benchi, mama yake Fundi alipiga simu.

"Huyo kijana wako anafanya kazi wapi?"

"Serikalini, Mama!" Fundi alijibu, kifua mbele. "Idara ya taa za mji. Hata ovaroli yake ina nembo."

Simu ilitoa kigelegele kilichosikika mpaka benchi la jirani. Mataa alifungua mdomo aseme neno. Akalimeza kama mwiba wa samaki.

Ukweli ni kwamba alikuwa kibarua. Aliingia idarani kijana mbichi wa kushikia ngazi, na sasa alikuwa ameota ndevu juu ya nguzo zile zile, bado analipwa kwa kutwa. Akiumwa, hana malipo. Likizo aliisikia tu kwa wengine. Na kila mwisho wa mwezi idara iliwapumzisha yeye, Komandoo na wenzao kwa siku kadhaa, kisha ikawaita upya kama wageni, ili asitokee mtu wa kusema amefanya kazi mfululizo. Komandoo alikuwa anaita mchezo huo "kukatwa mkia."

"Mkia ukishaota kidogo tu," alisema, "panga hili hapa!"

Sasa Fundi alikuwa na shangazi, mwanamke mnene wa mwili na mwembamba wa subira, ambaye hajawahi kuamini jambo asilolikanyaga kwa miguu yake. Aliposikia uchumba unanukia, alijifunga kibwebwe, akaenda moja kwa moja ofisi ya utumishi. Karani alifungua kitabu, akakifunga.

"Hatuna mfanyakazi wa jina hilo."

"Tazama tena, mwanangu."

"Mama, nimetazama. Hayumo."

Shangazi aliingia kibandani kwa Fundi akihema, akakaa juu ya rundo la vitambaa bila kuomba. "Serikali haimjui mchumba wako!"

"Shangazi, pengine wamekosea jina."

"Hawajakosea. Huyo ni tapeli. Ovaroli ameiokota!"

Fundi alizima cherehani. Hakutaka kumhukumu mtu kwa maneno ya kitabu cha karani. Alikwenda mpaka nyumbani kwa Mataa, nyumba ya vyumba vingi yenye ua mmoja, akasimama langoni na kumpigia.

"Mpenzi, uko wapi?"

Zilikuwa siku za kukatwa mkia. Mataa alikuwa ndani, na aibu ikamjibia. "Niko... niko kazini, Fundi wangu. Juu ya nguzo kabisa."

Jogoo akawika. Aliwika kwenye simu, na papo hapo akawika uani.

"Huko juu ya nguzo mnafuga kuku?" Fundi aliuliza.

Mlango wa tatu ukafunguka polepole, akatoka Mataa, kaptura na fulana, mkononi redio ya jirani aliyokuwa anaichomelea waya. Akamwona. Redio ikaanza kuimba yenyewe, akaizima haraka.

"Wewe ni nani?" Fundi alimuuliza. "Shangazi amekwenda idarani, wanasema hawakujui."

"Wananijua jasho, jina hawalitaki," alisema Mataa, na hapo akamweleza yote, ukibarua, kukatwa mkia, na kwamba yeye na wenzake wamekwenda kwa wakili wa chama cha wafanyakazi na kesi iko mahakama ya kazi. "Nilikuwa nangoja tushinde, nipate barua ya ajira ya kudumu, ndipo nikuambie. Nisingekuwa na uongo tena."

"Kwa hiyo si tapeli," alisema Fundi, machozi yakimlenga. "Ni mwongo tu."

"Fundi wangu..."

"Ungeniambia wewe ni kibarua, ningekupenda mpaka nipauke kama ovaroli yako. Lakini ulikaa kwenye benchi ukanisikiliza namtambia mama yangu, ukanyamaza. Ulinionaje, Mataa? Kwamba nampenda mwajiri wako?"

Hakungoja jibu. Alipofika nje ya lango alimfungia namba, asiweze kumpigia tena.

Siku zilizofuata zilikuwa ndefu kwa wote wawili. Mataa alipanda nguzo ya njia panda akawa haangalii upande wa vibanda. Fundi aliigeuza meza ya cherehani ielekee ukutani. Wateja walilalamika kwamba nguo zinatoka zimebana.

"Fundi, mbona siwezi kupumua?"

"Hata mimi siwezi," alijibu. "Vumilia."

Kule kwa wakili nako hakukuwa na sherehe. Wakili huyo alikuwa mama mwenye sauti ya taratibu na viatu vya raba, maana alikuwa na kesi katika ofisi tatu kwa siku. Aliwakusanya vibarua chumbani kwake, wengine wakakaa sakafuni.

"Idara inasema ninyi ni watu wa msimu," aliwaambia. "Mlikuja, mkaondoka, wakaja wengine. Sasa nisikilizeni. Mbele ya jaji, halitazamwi jina ulilopewa. Inatazamwa kazi unayoifanya, unamfanyia nani, na kwa muda gani. Je, mataa ya mji yana msimu?"

"Hayana!" wakajibu.

"Basi na ninyi hamna msimu. Kibarua ni wa kuchimba mtaro ukaisha. Lakini ninyi mkisema ni miaka yote, wao watasema mnajitetea. Nataka mtu wa nje. Raia aliyewaona."

Watu walikuna vichwa. Komandoo hakukuna. Kesho yake alitokea kibandani kwa Fundi na suruali mkononi.

"Shikamoo, mzee."

"Marahaba, binti yangu. Hii ifupishwe."

Fundi akaipima kwa macho. "Mzee, hii tayari ni fupi."

"Basi irefushwe."

Fundi akaiweka chini. "Amekutuma?"

"Akijua niko hapa atanisukuma kutoka kwenye ngazi. Binti yangu, nikuulize. Kabla hujamjua, ulikuwa unatuona pale njia panda?"

"Niliwaona kama watu wanavyoona nguzo."

"Mara ngapi?"

"Kila mara. Tangu nimefungua kibanda."

"Njoo uyaseme hayo mbele ya jaji."

"Sitaki kumwona, mzee."

"Hakuna anayekutaka umwone yeye. Tunataka useme ulichokiona." Mzee akaichukua suruali yake. "Mimi nikizeeka sina pa kuegemea, binti yangu. Nimeshika ngazi ya watu maisha yangu yote."

Alipoondoka, Fundi alimalizia mshono mmoja. Kisha akainuka, akaivuta meza ya cherehani, akaigeuza ielekee barabarani kama zamani.

Siku ya kesi ukumbi ulijaa ovaroli za bluu. Mataa alikaa mstari wa mbele ndani ya koti la kuazima ambalo mikono yake iliishia karibu na viwiko. Wakili alipomwita shahidi, mlango ukafunguka, akaingia Fundi, amevaa suti ya rangi ya zambarau iliyokatwa kiunoni kwa ustadi, viatu vya visigino vikigonga sakafu kama mtu anayepiga hodi. Mataa alisimama bila kujua. Komandoo akamvuta koti kumkalisha, na koti likachanika kwapani.

Fundi aliapa, akaeleza. Kisha akainuka wakili wa idara, kijana nadhifu mwenye tai.

"Shahidi, unamfahamu mlalamikaji wa kwanza?"

"Namfahamu."

"Mna uhusiano gani?"

"Kwa sasa hatuongei."

Ukumbi ukacheka. Jaji, mama mwenye miwani mikubwa, akagonga meza.

"Kabla ya kutoongea?" wakili wa idara aliendelea.

"Tulikuwa tunaongea sana."

"Kwa hiyo ni mpenzi wako. Jibu ndiyo au hapana."

Fundi akamgeukia jaji. "Mheshimiwa, nimeapa kusema kweli, naomba nisaidiwe. Mpenzi ni yule unayempenda, au ni yule ambaye hujamfungia namba?"

Jaji alikohoa kikohozi kirefu chenye mashaka. "Jibu unavyoweza, shahidi."

"Basi nampenda, ila nimemfungia."

Mataa aliinamisha kichwa kati ya magoti. Mabega yalimtikisika, na hakuna aliyejua kama analia au anacheka. Hata yeye hakujua.

"Ndiyo maana umekuja kumtungia ushahidi," alisema wakili wa idara, akinusa ushindi.

"Uongo ndio uliotutenganisha, kaka yangu. Siwezi kuukaribisha tena hapa mbele ya jaji. Na ningekuwa natunga, ningemtunga awe meneja."

Safari hii jaji alicheka kabla ya kuwahi kukohoa.

"Lakini huwezi kujua," wakili aling'ang'ania, "kwamba hawa walipoondoka, idara haikuleta vibarua wengine."

"Najua," alisema Fundi, na sauti yake ikatulia. "Kibanda changu kinatazama ile njia panda. Mataa yakiharibika mwisho wa mwezi, hatokei fundi. Anasimama askari na filimbi mpaka shingo inamuuma. Hawa wakirudi, yanatengenezwa, na wanaorudi ni wale wale. Ningewajua hata kwa migongo yao. Sisi wa sokoni tulikuwa tunawauliza, jamani mlikuwa wapi? Tulidhani mnapewa likizo."

Jaji akaandika, akaandika tena, akasema hukumu itasomwa baadaye.

Nje, kwenye korido yenye mabenchi ya mbao, watu walimzunguka Fundi kumshukuru. Mataa alisubiri wapungue. Alipomkaribia alikuwa amevua koti, amebaki na lile shati lake jeupe.

"Nina maneno," alisema.

"Yaseme yote. Yasipungue."

Akavuta pumzi. "Mimi ni kibarua. Kesho nikiumwa silipwi. Nikianguka kutoka juu, wanaweza kusema hawanijui. Huenda tukashindwa kesi hii. Nakaa chumba kimoja, na hata yule jogoo si wangu. Nilikuficha kwa sababu niliona mtu asiye na barua hana haki ya kuomba mtu. Nilikosa. Nilikufanya umdanganye mama yako, na hilo ndilo linaloniuma kuliko kukosa ajira. Nisamehe."

Fundi alimtazama kuanzia kola mpaka viatu, kama anavyomtazama mteja kabla ya kupima.

"Umemaliza?"

"Bado. Nilijisemea nitakuoa nikipata barua. Naona ulikuwa ujinga. Nikuulize leo, mikono mitupu. Utakubali kuolewa na kibarua?"

"Nitaolewa na wewe," alisema Fundi. "Kibarua ni jina walilokupa wao."

Komandoo, aliyejifanya anasoma tangazo ukutani, akapiga mbinja. Mataa alitaka kumkumbatia, lakini Fundi akamzuia kwa kiganja kifuani, akatoa simu, akabonyeza, akampa.

"Nani huyo?"

"Mama. Anauliza unafanya kazi gani. Mwambie mwenyewe."

Jasho likamtoka Mataa kuliko lililomtoka mahakamani. "Shikamoo, mama... Ndiyo, ni mimi... Mama, mimi ni kibarua. Natengeneza taa za barabarani, lakini sijaajiriwa. Nilipaswa kusema mapema." Akasikiliza. Akasikiliza kwa muda. Macho yakamtoka, kisha uso mzima ukamfunguka.

"Amesema nini?" Fundi alimvuta mkono.

"Amesema shangazi yako ndiye aliyetaka serikali. Yeye alitaka mkwe."

Walifunga ndoa kabla ya hukumu. Shangazi alishauri wangoje kidogo waone upepo, lakini Fundi alikataa katakata. "Sitaki siku moja tugombane aseme nilisubiri barua," alisema. Alijishonea gauni mwenyewe, na Shangazi, kwa kuwa hakuna wa kumzidi kwa sherehe, ndiye aliyecheza mpaka kiatu kikang'oka kisigino.

Hukumu iliposomwa, Mataa alikuwa ukumbini na mkewe amemshika mkono. Jaji alisema hakuna mwajiri, awe serikali au mtu binafsi, anayeweza kuitumia mikono ya mtu mwaka baada ya mwaka kwa kazi isiyokoma, kisha akasema hamjui mwenye mikono. Alisema kuwapumzisha watu ili kuvunja hesabu ya utumishi wao ni hila, na hila haifuti haki. Idara iliamriwa kuwapa wote ajira ya kudumu, pamoja na likizo, matibabu na malipo ya uzeeni, na miaka yao ya nyuma ihesabiwe. Komandoo alilia kama mtoto. Alipotulia akamuuliza wakili kama machozi ya saa za kazi nayo yanalipwa.

Idara ilisema itakata rufaa. Ikanuna, ikavuta miguu, wakili akavaa raba zake akazunguka ofisi hadi ofisi, na mwisho ikatii. Barua zilitoka moja moja. Ya Mataa ilipofika, Fundi aliisoma kwa sauti kibandani, wateja wakapiga makofi, kisha akairudisha kwenye bahasha na kuendelea kushona, maana kulikuwa na sare za shule za kumaliza.

Ikafika zamu ya Mataa ya likizo, ya kwanza katika maisha yake. Asubuhi ya kwanza, jua halijapanda vizuri, Fundi aliamshwa na mchakacho wa nguo. Akafumbua jicho moja. Mume wake alikuwa amekaa ukingoni mwa kitanda, ovaroli imefungwa vifungo mpaka shingoni, anafunga kamba za buti.

"Unakwenda wapi, baba?"

"Kazini."

"Si uko likizo?"

Mataa akaishika kamba ya buti bila kuifunga. "Najua. Lakini nimeamka nikaona vibaya. Mtu mzima nilale tu, wenzangu wako juu ya nguzo? Na mshahara uje?"

"Uje."

"Hata nisipokwenda?"

"Hata usipokwenda. Ndiyo maana yake."

Akafikiri. Kwa mbali honi zilianza kugombana njia panda. Akageuza shingo kusikiliza, mguu mmoja tayari uko kwenye buti.

"Mataa," mkewe alisema, akimvuta kwa kola ya ovaroli mpaka akaanguka chali juu ya mto, buti na yote. "Serikali imekuagiza ulale. Ukitoroka nitakushtaki."

Akacheka, akalivua buti kwa kisigino bila kuinuka, likadondoka sakafuni. Dakika chache baadaye alikuwa anakoroma, analipwa kwa kila mkoromo.